Kibao

Miaka thelathini na minne nilimpigia Tsiala kibao,
si cha shavuni: kile cha mbao, chenye chaki na bawaba.
Onyesho la tatu, mara ya saba, pa!
Kisha nachuchumaa nje ya picha
nikifuta vumbi la chaki kwenye suruali.

Ukitaka kumjua mtu, mshikie kibao.
Nilijua siku alizogombana na mumewe:
mara kumi na tano, mlango kufungwa tu.
Nilijua siku alizoamka anapendwa:
mara mbili, inatosha, twendeni tukale.

Hakuwahi kusema “Kata.”
Aligonga goti kwa pete,
na Rezo mpigapicha, mwenye masikio ya paka,
alisikia hata Mtkvari ikivuma chini ya daraja.

Filamu yake ya kwanza aliipiga huko Racha, milimani,
juu ya mwanamke anayebeba mlango mgongoni
kuupeleka kwenye nyumba isiyojengwa bado.
Dakika sabini na moja. Maneno hayafiki hamsini.
Watu wa wizara wakaitazama, wakawasha sigara,
mmoja akauliza: mlango huu una maana gani?
Tsiala akasema: una kilo ishirini na nane.

Jibu hilo liliigharimu filamu miaka sita kabatini.

Kabati halitoi mkate. Akaenda televisheni.
Akaongoza utabiri wa hali ya hewa, mabondia,
kwaya za wachuma chai wa Guria,
na kipindi cha mapishi ambacho mpishi wake alikuwa mlevi,
basi akajifunza kupiga mikono tu.
Mikono ile! Ikikunja unga mikunjo kumi na tisa,
haitetemeki hata mara moja.
Nikamwambia: hii ndiyo filamu yako ya pili.
Alinitazama kama anayetafuta kitu cha kunirushia.

Kisha ukaja ule msimu wa baridi usio na umeme.
Tbilisi ikawa nyeusi ti, kama lenzi iliyofunikwa.
Tulichoma viti vya studio, vya wageni kwanza,
halafu cha mkurugenzi mkuu.
Kibao changu nikakificha chini ya shati.
Tukapiga harusi, kwa malipo ya unga na mafuta ya taa.
Bibi harusi harudii “ndiyo” mara ya saba,
lakini Tsiala alimrudisha mama yake mlangoni:
“Lia tena, mama, safari hii utazame dirishani.”
Mama akalia, akalia kweli kuliko mwanzo,
nasi tukarudi kwa miguu na lita zetu tatu,
kila mmoja akimwachia mwenzake azibebe.

Pesa ziliporudi zilitaka tamthilia.
Vipindi mia sita na kumi na moja:
pacha aliyepotea, wosia wa kughushi,
daktari aliyekufa mara mbili kwa ugomvi wa mshahara.
Vijana wa chuo cha filamu walimcheka chinichini.
Wauza mkate walifunga saa mbili kasoro robo.
Kurasa kumi na nne kwa siku, machozi yote asubuhi,
maana baada ya chakula hakuna anayelia vizuri.

Kipindi cha mwisho, mswada ulisema: wote wanakumbatiana.
Akawatoa wote.
Akaacha mlango wazi na ukumbi mtupu.
Sekunde ishirini. Thelathini. Simu ya kituo ikalia.
Nikamwona ameinua mkono wenye pete
ameushikilia juu ya goti,
hagongi.

Siku hizi anatazama marudio, sauti ameizima.
“Glasi,” anasema, “ilikuwa mkono wa kushoto.”
Najua. Niliiona siku ileile, nikanyamaza.
Ilikuwa mara ya pili,
na ulikuwa unacheka.